Mwigizaji Msaidizi wa Vichekesho: Filamu au Televisheni?

Mwanamke mwenye kipaji cha kuchekesha, anayejua kwamba nafasi yake ni kando ya mhusika mkuu, hukutana mapema na uamuzi mmoja mkubwa. Aelekeze nguvu zake kwenye filamu, ambako ataonekana katika maonyesho matatu au manne kisha aondoke, au kwenye tamthilia za televisheni, ambako atakuwa jirani, shangazi, mhudumu wa baa au rafiki wa mhusika mkuu kwa miaka mingi? Wengi hawaufanyi uamuzi huo wenyewe, bali huachia nafasi ya kwanza inayotokea iwaamulie. Naandika ulinganisho huu kwa sababu naamini kwamba njia hizi mbili zinadai vipaji viwili tofauti, ingawa vyote huitwa uigizaji wa vichekesho, na kwamba mwigizaji aliyeingia njia isiyolingana na kipaji chake anaweza kupoteza miaka akidhani kuwa kasoro iko kwake.

Tofauti ninayoiona ni hii. Wapo waigizaji ambao ucheshi wao hukamilika mara tu wanapotokea mlangoni: mwendo, sauti, namna ya kushika mkoba au kuvuta kiti, vyote vinamweleza mtazamaji mtu huyu ni nani kabla hajatamka neno la pili. Huo nitauita ucheshi wa kuingia. Wapo wengine ambao siku ya kwanza mtazamaji haoni kwao jambo la ajabu, lakini akishawazoea, akishajua wanamwogopa nani na wanamwonea nani wivu, jicho moja la pembeni linatosha kumvunja mbavu. Huo ni ucheshi wa kuzoeana. Filamu inaupa nafasi ule wa kwanza, na televisheni inaupa nafasi ule wa pili. Mkataba, fedha, tuzo na umri ni mambo mazito na nitayafikia, lakini yanakuja nyuma ya hili. Mifano yangu inatoka Marekani, kwa kuwa huko kazi hii imeacha kumbukumbu ndefu na zilizo wazi katika njia zote mbili.

Thelma Ritter na Vivian Vance

Sijui jozi inayofaa zaidi kulinganishwa kuliko wanawake hawa wawili. Ritter alizaliwa mwaka 1902 na Vance mwaka 1909. Wote walitumikia jukwaa la maigizo kwa muda mrefu, na wote walijulikana na umma mpana wakiwa wamekwisha kuvuka umri wa miaka 40. Baada ya hapo mmoja alikwenda filamu na mwingine televisheni, na kila mmoja akafika mbali kadiri msaidizi anavyoweza kufika katika njia yake.

Ritter alionekana kwenye filamu yake ya kwanza mwaka 1947, akiwa mama aliyechoka kwa kuzunguka dukani msimu wa Krismasi, na jina lake halikuandikwa hata katika orodha ya waigizaji. Miaka michache baadaye, kati ya filamu za mwaka 1950 na za mwaka 1962, aliteuliwa mara sita kuwania Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike, na hakuipata hata mara moja. Alicheza wahudumu, wauguzi, akina mama na wafanyakazi wa nyumbani, watu ambao kazi yao katika hadithi ni kumwambia nyota ukweli ambao hakuna mwingine anayethubutu kumwambia. Katika *All About Eve* ya mwaka 1950 alikuwa mwanamke anayemhudumia mwigizaji mkubwa katika chumba cha kuvalia, ndiye wa kwanza kumshuku msichana mgeni, na ilipofika katikati ya filamu mhusika wake alitoweka bila maelezo yoyote. Hata hivyo aliteuliwa. Nusu ya filamu ilitosha, kwa sababu tangu dakika yake ya kwanza mtazamaji alikuwa amemjua mwanamke yule kama mtu aliyeishi naye nyumba moja.

Vance aliingia katika tamthilia ya vichekesho *I Love Lucy* mwaka 1951 akiwa Ethel Mertz, jirani na mke wa mwenye nyumba, akabaki humo hadi mwaka 1957, kwa sehemu 180. Ukimtazama katika onyesho moja lililokatwa peke yake, unaweza kujiuliza sifa zake zinatoka wapi. Anasimama, anasikiliza mpango wa hatari wa rafiki yake, anakataa, anasita, kisha anakubali. Lakini mtu aliyetazama sehemu ishirini anajua kwamba atakubali, anajua kwamba Ethel mwenyewe anajua kuwa atakubali, na kicheko kinazaliwa katika muda ule mfupi wa kusita. Mwaka 1954 alitunukiwa Emmy ya mwigizaji msaidizi katika mfululizo, miaka ambayo tuzo za televisheni zilikuwa bado changa.

Sasa tuwaweke kando kwa kando. Ritter alipata aina nyingi za kazi: aliweza kuchekesha katika filamu moja, kisha katika *Pickup on South Street* ya mwaka 1953 akacheza mzee anayewauzia polisi habari, kazi yenye uchungu wa kumtoa mtu machozi, bila mtazamaji kuona kwamba amepotea njia. Vance hakupata upana huo. Alichopata ni kina: mtu mmoja aliyechimbwa kwa miaka sita mpaka kila Mmarekani aliyekuwa na televisheni akamjua kwa jina. Ila jina walilolijua lilikuwa Ethel, si Vivian, na barabarani ndilo walilomwitia. Kwa mtu aliyeanza kazi akitaka kuonekana, hilo si jambo dogo, na nitalirudia mwishoni.

Jambo moja zaidi kuhusu Vance linahusu kila anayeifikiria televisheni. Mwenzake aliyecheza mumewe, William Frawley, alimzidi umri kwa miaka 22, na wawili hao hawakupatana. Katika filamu ungemvumilia mwenzako kwa wiki kadhaa, lakini yeye alimvumilia kwa miaka. Walipopewa wazo la kuwa na tamthilia yao wenyewe kama mume na mke, Vance alikataa.

Kicheko kinatoka wapi

Hapa ndipo tofauti ya kazi yenyewe inapoonekana, na ndipo ninapoona waigizaji wachanga wanapodanganyika zaidi, kwa kuwa skrini haionyeshi namna kitu kilivyotengenezwa.

Katika tamthilia za vichekesho zinazorekodiwa kwa kamera kadhaa mbele ya hadhira, utaratibu ulioenea kutokana na mafanikio ya *I Love Lucy*, juma la kazi huanza kwa waigizaji kuketi mezani na kusoma mswada kwa sauti huku waandishi wakisikiliza. Sentensi iliyoanguka bila kuchekesha huondolewa au huandikwa upya, mara nyingi usiku huo huo. Mazoezi hufuata siku baada ya siku, maneno yakiendelea kubadilika, hadi siku ya kurekodi watu wanapojaa vitini. Siku hiyo msaidizi anasikia kwa masikio yake kama kazi imefaulu. Anajifunza kusubiri kicheko: akiwahi kusema, maneno yake yanazama ndani ya vicheko vya watu, akichelewa, moto umekwisha kupoa. Elimu hiyo hakuna shule inayoweza kuitoa kwa kiwango hicho, na mfululizo wa kawaida wa televisheni ya zamani uliitoa mara 22 au 24 kwa msimu mmoja.

Faida nyingine ya televisheni imejificha zaidi. Waandishi wanaokaa na mwigizaji juma baada ya juma huanza kuusikia mdundo wake, na bila hata kukusudia huanza kumwandikia yeye. Marla Gibbs alionekana katika sehemu ya kwanza ya *The Jeffersons* mwaka 1975 akiwa mfanyakazi wa nyumbani anayekuja kuomba kazi, nafasi ndogo ambayo ingeweza kuishia hapo. Namna alivyotamka maneno yake machache ilimrudisha, na akabaki na tamthilia hiyo mpaka ilipomalizika mwaka 1985, akiteuliwa kuwania Emmy mara tano njiani. Mwanzoni hakuthubutu kuacha ajira yake katika shirika la ndege, kwa kuwa hakuna aliyemhakikishia kesho. Filamu haina mlango wa namna hiyo. Ukifanya vizuri katika nafasi ndogo ya filamu, filamu yenyewe imekwisha, na kitakachofuata ni kwa mtu mwingine kukukumbuka.

Filamu nayo ina elimu yake. Wakati wa kurekodi, watu wote waliopo wanatakiwa kunyamaza, hata onyesho liwe la kuchekesha namna gani. Maonyesho hurekodiwa bila kufuata mpangilio wa hadithi, hivyo msaidizi anaweza kucheza kuagana asubuhi na kukutana jioni. Kicheko hakisikiki mpaka miezi ipite, na kitategemea mhariri, ambaye ndiye anayeamua kama tutautazama uso wa msaidizi baada ya maneno yake au uso wa nyota anayeyasikia. Onyesho zima linaweza kuondolewa, si kwa ubaya wake, bali kwa sababu filamu ilikuwa ndefu. Kwa hiyo msaidizi wa filamu anapaswa kukifanya kila kipande kiwe na mwanzo na mwisho wake, ili mhariri popote atakapokata apate kitu kilicho hai. Anayeweza kufanya hivyo hulipwa kwa kitu ambacho hadhira ya studio haiwezi kumpa, yaani ukaribu wa kamera. Unyusi uliopanda kidogo, pumzi iliyozuiwa, vitu ambavyo mtu wa safu ya nne studioni hangeviona kamwe, katika filamu vinajaza ukuta mzima.

Kati ya njia hizi mbili ipo tamthilia ya vichekesho inayorekodiwa kwa kamera moja, bila hadhira. Kwa utaratibu wa kazi inafanana na filamu, kwa muda inafanana na televisheni, na mtu mwenye mashaka kuhusu kipaji chake angefaa kuanzia hapo kama angepata nafasi. Lakini auangalie urefu wa msimu. Tamthilia nyingi za majukwaa ya intaneti zina sehemu nane au kumi tu, na kuzoeana hakuji kwa sehemu nane. Msaidizi wa pembeni anaweza kumaliza msimu mzima akiwa na jumla ya dakika zinazolingana na zile za filamu moja, huku akiwa amefungwa na mkataba wa televisheni.

Madeline Kahn na Valerie Harper

Jozi ya pili inaonyesha kinachotokea mtu anapovuka kutoka nafasi ya msaidizi. Madeline Kahn alisomea uimbaji wa opera, na sauti ile aliigeuza kuwa chombo cha ucheshi ambacho sijamwona mwingine akikitumia hivyo. Filamu yake ndefu ya kwanza ilitoka mwaka 1972. Kwa filamu ya mwaka 1973 na nyingine ya mwaka 1974 aliteuliwa kuwania Oscar ya msaidizi miaka miwili mfululizo, na mara ya kwanza alishindwa na mtoto wa miaka kumi, Tatum O'Neal, aliyecheza naye katika filamu hiyo hiyo, *Paper Moon*. Ukimtazama humo akipanda kilima kuzungumza na mtoto yule aliyenuna, unaona maisha yote ya mwanamke aliyezoea kuachwa yakipita katika hotuba moja fupi. Huo ni ucheshi wa kuingia katika ukamilifu wake. Mwaka 1983 alipewa tamthilia ya televisheni iliyobeba jina lake, na haikuvuka msimu mmoja. Siamini kwamba alipungukiwa na kipaji. Naamini kwamba kitu kilichokuwa kikiwaka kama umeme kwa dakika kumi kiliombwa kiwake kama taa ya chumbani, kila juma, katika maisha ya mtazamaji.

Valerie Harper alikwenda upande mwingine. Kuanzia mwaka 1970 alikuwa Rhoda, rafiki na jirani wa mhusika mkuu katika *The Mary Tyler Moore Show*, na alitwaa Emmy ya msaidizi mara tatu mfululizo, mwaka 1971, 1972 na 1973. Mwaka 1974 Rhoda alipewa tamthilia yake, na mwezi Oktoba mwaka huo harusi yake ilitazamwa na watu zaidi ya milioni 50. Mwaka uliofuata Harper alipata Emmy ya mhusika mkuu. Kwa hiyo njia ya kupanda ipo, na ni televisheni iliyomfungulia, kwa sababu watu walikuwa wamekwisha kumzoea. Lakini baada ya misimu miwili waandishi walimtenganisha Rhoda na mumewe, kwa kuwa makali yake yalitokana na kutotosheka, na mwanamke aliyepata kila alichokitamani hakuwa na mengi ya kulalamikia. Nafasi ya kando ina mtazamo wake, na anayehamia katikati anaweza kuuacha nyuma.

Aliyecheza mdogo wake Rhoda, Julie Kavner, alipata Emmy ya msaidizi mwaka 1978, na tangu mwaka 1987 ameitoa sauti ya Marge Simpson, mama wa familia katika katuni ya *The Simpsons*. Kazi ya sauti ni njia ya tatu inayostahili ulinganisho wake pekee. Hapa nasema tu kwamba ilimfungukia mtu ambaye sauti yake ilikuwa imekwisha kuzoeleka.

Mkataba na malipo

Mkataba wa mfululizo humfunga mwigizaji kwa upande mmoja. Anasaini kabla sehemu ya kwanza haijarekodiwa, na watayarishaji hujipa haki ya kuendelea naye msimu baada ya msimu, kwa kawaida hadi sita au saba, huku wao wakibaki huru kumwacha. Katika jimbo la California sheria haikubali mkataba wa kazi ya mtu binafsi uvuke miaka saba, na tafsiri ya miaka hiyo kuwa ya kalenda ilipatikana kwa jasho la mwigizaji wa kike, Olivia de Havilland, aliyeishtaki studio yake, Warner Bros., akapewa ushindi na mahakama ya rufaa mwezi Desemba 1944. Hata hivyo miaka saba ni mingi. Msaidizi anayeitaka televisheni na ataje mapema, kwa maandishi, kama anaruhusiwa kucheza filamu katika miezi ambayo tamthilia haitengenezwi. Kipengele hicho ni rahisi kukipata kabla ya kusaini, na baada ya hapo hutegemea huruma ya watu.

Filamu haimfungi kwa namna hiyo. Analipwa kwa siku au kwa wiki, anaondoka. Uhuru huo una bei yake, yaani kuanza upya kila mara: usaili mwingine, kusubiri simu ya wakala, miezi isiyo na kipato. Nikilinganisha msaidizi mwenye watoto au wazazi wanaomtegemea, sioni aibu kusema kwamba mshahara wa mfululizo una uzito kuliko fahari ya filamu.

Kuhusu malipo ya marudio, historia inafaa kujulikana. Mwaka 1960 chama cha waigizaji, Screen Actors Guild, kiligoma kwa ajili ya filamu zinazoonyeshwa tena kwenye televisheni. Waliocheza filamu kuanzia mwaka huo walianza kulipwa, lakini waliocheza kabla yake hawakupata kitu kwa kila onyesho. Badala yake studio zilichangia mfuko wa pensheni na bima ya afya. Maana yake ni kwamba kazi bora za Ritter za miaka ya 1950 zilirudiwa na kurudiwa bila kumwingizia malipo hayo. Kwa televisheni, mkataba wa mwaka 1974 uliyafanya malipo ya marudio yaendelee bila kikomo. Kwa miongo kadhaa hilo liliifanya tamthilia iliyodumu kuwa kama shamba la minazi kwa msaidizi wake. Majukwaa ya intaneti yalilitikisa shamba hilo, na mgomo wa mwaka 2023, uliodumu siku 118 kuanzia tarehe 14 Julai, ulikuwa na suala hilo miongoni mwa madai yake makuu. Chama kilipata nyongeza kwa tamthilia zinazotazamwa sana kwenye majukwaa hayo, lakini mwigizaji wa leo asipige hesabu za maisha yake kwa kutazama walivyofaidi waliomtangulia miaka ya 1980.

Tuzo

Nitapita hapa haraka, ingawa tuzo huongeza mshahara na heshima mezani. Emmy ina kundi lake la mwigizaji msaidizi wa kike katika tamthilia ya vichekesho. Oscar haina, mchekeshaji hushindanishwa na wanawake waliocheza misiba, na mara nyingi msiba hushinda. Wapo waliovuka, kama Josephine Hull kwa mwaka 1950, ambao Ritter alikuwa miongoni mwa walioshindwa, Whoopi Goldberg kwa mwaka 1990 na Marisa Tomei kwa mwaka 1992, lakini huwezi kupanga maisha kwa kuwatazama. Rhea Perlman, aliyekuwa mhudumu mwenye ulimi mkali katika *Cheers*, alipata Emmy nne kwa mhusika mmoja.

Umri, na hatari ya kukwama

Kwa mwanamke anayezeeka, msaidizi wa vichekesho ana nafuu ambayo nyota hana, na nafuu hiyo ni kubwa zaidi kwenye televisheni. Doris Roberts alikuwa na miaka 70 *Everybody Loves Raymond* ilipoanza mwaka 1996, na alitwaa Emmy nne kwa kazi yake ya mama mkwe humo. Mafanikio hayo hayakumfanya anyamaze: mwaka 2002 alitoa ushahidi mbele ya kamati ya Seneti ya Marekani kuhusu ubaguzi wanaofanyiwa watu wenye umri mkubwa, ukiwemo ule wa tasnia yake mwenyewe. Estelle Getty alijulikana akiwa na miaka 62, mwaka 1985, alipocheza mama wa mhusika wa Bea Arthur katika *The Golden Girls*, ingawa Arthur alikuwa amemzidi kwa mwaka mmoja. Kathryn Joosten alikuwa muuguzi, akaanza kuigiza akiwa na miaka 42, na alipata Emmy mbili, mwaka 2005 na 2008, kama mgeni katika *Desperate Housewives*. Mwanamke anayesoma haya akiwa na miaka 40 au 50 asidhani kwamba mlango umefungwa; kwake yeye televisheni ndiyo ninayoipendekeza bila kusita.

Kukwama ni jambo jingine, na njia zote mbili zina namna yake ya kumkwamisha mtu. Televisheni humkwamisha mwigizaji katika mhusika mmoja, filamu humkwamisha katika aina moja ya wahusika. Hattie McDaniel, aliyekuwa amechekesha na kuimba majukwaani kabla ya kuingia filamu, alipewa Oscar ya msaidizi tarehe 29 Februari 1940, Mmarekani Mweusi wa kwanza kuipata, na usiku ule aliketishwa kwenye meza iliyotengwa na za wenzake. Alichopewa kilikuwa bamba, kwa kuwa waigizaji wasaidizi walikuwa bado hawapewi sanamu kamili. Baada ya heshima hiyo, nafasi alizoendelea kupewa katika filamu zilikuwa zile zile za mfanyakazi wa nyumbani. Ilikuwa redio, mwaka 1947, iliyompa kipindi ambacho yeye ndiye aliyekuwa katikati yake, ingawa hata humo alikuwa mfanyakazi wa nyumbani. Ukimweka Marla Gibbs kando yake unaona kazi ile ile ya ndani ya nyumba ya mtu, lakini misimu kumi na moja ilimpa mhusika wake muda wa kujibu, kukataa kufungua mlango, kulala mchana na kumcheka tajiri wake usoni. Nyakati zilikuwa zimebadilika, hilo nalikubali. Lakini muda nao ulifanya kazi yake, na filamu haikuwa na muda huo wa kutoa. Gibbs alipomaliza hapo aliongoza tamthilia yake, *227*, na msaidizi wake humo, Jackée Harry, akawa mwaka 1987 mwanamke Mweusi wa kwanza kutwaa Emmy ya msaidizi katika vichekesho.

Nani achague ipi

Mwigizaji anayetaka kujijua na afanye jaribio hili. Awape watu wasiomjua onyesho moja la dakika tatu, awatazame wanacheka lini. Wakicheka kabla hajafanya lolote la maana, kwa namna tu alivyoingia na kuketi, basi ana ucheshi wa kuingia, na filamu itamfaa hata kama itamlipa kwa kusitasita. Wakicheka mwishoni, au wakicheka zaidi onyesho la pili kuliko la kwanza, atafute mfululizo, na ahakikishe ni wenye sehemu nyingi na wenye mwenza mmoja wa kudumu ambaye ucheshi wake utamgonga. Asiyeona tofauti yoyote aanze na televisheni, kwa sababu ni rahisi zaidi kutoka huko kwenda filamu kuliko kurudi. Melissa McCarthy alikuwa mpishi rafiki wa mhusika mkuu katika *Gilmore Girls* kwa misimu saba, kuanzia mwaka 2000, na watazamaji walimpenda kwa upole wake. Mwaka 2011 alicheza msaidizi katika *Bridesmaids* kwa ukali ambao tamthilia ile haikuwahi kumwomba, akateuliwa kuwania Oscar, na mwaka huo huo akapata Emmy ya mhusika mkuu kwa tamthilia nyingine. Miaka saba ya kwanza ilimpa mkono uliotulia; filamu ikampa nafasi ya kuutumia kwa nguvu zote.

Nilimwacha Vivian Vance akiitwa Ethel barabarani. Mwaka 1962 Lucille Ball, nyota wa *I Love Lucy*, alimwomba arudi naye kwenye televisheni katika *The Lucy Show*. Hakukataa njia iliyomlea, lakini safari hii alikuja na masharti, nami ningependa kila msaidizi anayesubiri kusaini ayasome kabla ya kushika kalamu: mhusika wake avae nguo nzuri, na aitwe Vivian.